Sebule ya Ushorobani

Kengele ya tembo ililia mshenga akiwa ndiyo kwanza anakohoa ili aanze kusema. Sikitu akaweka birika chini, akabonyeza kitufe. Kuta mbili za sebule zikajikunja, na wageni waliokuja kumposa wakajikuta wameketi katikati ya njia.

"Inueni miguu tu, baba zangu," mama yake akawatuliza. "Wanapita, hawakai."

Nyumba zote za ushorobani, kwenye mapito ya wanyama, zilikuwa hivyo, na sheria ilikuwa moja. Mnyama akipita, ukuta unamfungukia. Akilala, mahali pale ni pake, wenye nyumba wanahama.

Tembo wakapita kati ya makochi. Mshenga, mtu wa mjini, akakumbatia mto kama mtoto.

"Endelea basi," shangazi akamchokoza. "Mlisema mmefuata nini vile?"

"Maji ya kunywa tu, shangazi."

Wote wakacheka, hata Kaundama, mwenye kuoa.

Wa mwisho alikuwa jike mwenye mimba pevu. Akasimama juu ya mkeka, akamnusa Sikitu kichwani, kisha goti moja likagusa sakafu kana kwamba anataka kulala.

Kicheko kikakatika. Sikitu akachukua sinia la ndizi, akatoka kinyumenyume. "Twende, mama. Twende taratibu."

Tembo akainuka, akamfuata.

"Binti huyu hatumwachi," mshenga akasema, na vigelegele vikapaa.

Nje, ndizi zilikwisha kabla hawajafika mbali. Tembo akageuka, akaitazama nyumba, pale penye kivuli na mkeka laini.