Mvumo wa Bi Rukiya

Mtu akivuma kwa sauti moja isiyoyumba, muda ndani ya chumba hukimbia. Mwanangu Shamsi alizaliwa mapafu yake hayajakomaa. Asubuhi hiyohiyo mama mkwe wangu, Bi Rukiya, aliingia naye kwenye chumba cha hospitali, akiwa na makopo ya maziwa, akafumba mdomo na kuvuma. Walipotoka adhuhuri, wao walikuwa wameishi miezi miwili. Shamsi alikuwa mnene, anapumua vizuri.

“Mshike mwanao,” aliniambia. “Mlafi kama babu yake.”

Nilimshukuru, na bado namshukuru. Shida ni kwamba Shamsi hubembelezeka kwa mvumo tu, na kila mvumo humkuza. Jana alilia kutwa.

“Nimvumie kidogo?” Bi Rukiya aliuliza.

“Hapana, mama. Mwache alie, atanizoea.”

Akalia mpaka akasinzia kifuani pangu.

Leo nimerudi kutoka sokoni nikamkuta ametulia mkekani, ameketi mwenyewe, ana meno mawili.

“Alikuwa analia sana, mwanangu,” alisema Bi Rukiya, sauti imemkauka.

“Ahsante, mama,” nikamjibu. Shamsi alinitazama kama mgeni.