Firigisi ya Mwenye Nyumba

Mourine alimwaga maji ya ugali nje, akazima jiko kabla makaa hayajashika. Philip alikuwa njiani, na kumpikia Philip ni kumuua.

"Umefanya vizuri, mwari wakwa, binti yangu," Wakonyo, jirani wa mlango wa pili, alimwambia dirishani. "Usipike kabisa. Hata chai, wacha."

Wote kwenye ile ploti ya Makongeni walijijua: watu wa ndotoni. Ukisoma bango la duka mara mbili, maneno yamegeuka. Ukipita mabati ya mwisho, hakuna Thika, hakuna barabara, hakuna kitu. Mwenye ndoto ni Philip, bwana wa Mourine. Si ndiye peke yake aliyekuja na kuondoka? Kila usiku alilala kwake Gitothua, kule Ruiru, akaota. Asubuhi mtu akamgongea dirisha, akaamka, na Makongeni yote ikazimika kama taa stima ikipotea, watu na kuku wao. Wakonyo ndiye alimweleza Mourine hayo yote siku ya kwanza alipojikuta hapo, na Mourine akashukuru kupata mtu wa kumfungua macho.

La chakula hakuhitaji kuambiwa. Nyanya yake alimfunza tangu utotoni: anayeota akila cha ndotoni, harudi. Na Philip, jamani, hakuwa mtu wa kukataa sahani! Basi Mourine hakuwasha moto, akalala njaa, akakonda. Kila dirisha likigongwa alizimika bila kujua kama atawashwa tena, na aliogopa, tena sana. Lakini heri yeye azimike, Philip aishi.

Mlango ukafunguliwa. Philip aliingia na ile suti ya bluu ya harusi yao. Hakuja na nguo za kazi hata siku moja. Leo alikuwa amebeba bakuli lililofungwa kwa leso.

"Unisamehe, sina chakula," Mourine akaharakisha kusema.

"Nani amekuambia nataka chakula?" Philip alicheka kidogo. "Mimi siku hizi hata njaa siisikii. Nimekuletea wewe."

Akafungua leso. Ugali wa wimbi, na kuku wa kienyeji akielea kwenye mchuzi wake. Harufu ilimpiga Mourine, akasogea karibu. Halafu akashtuka.

"Wewe umekula hii?"

"Hata kuonja, sijaonja."

"Niapie hutaonja."

"Haki ya Mungu, Mourine. Yote ni yako."

Mourine alishusha pumzi. Kama Philip hali, shida iko wapi? Mtu wa ndotoni akila cha ndotoni, atapatwa na nini? Akanawa mikono.

Nje, majirani walikuwa wamesongamana dirishani, Wakonyo mbele, kiganja mdomoni. Wanamlinda Philip, Mourine akawaza, na roho yake ikatulia kwa kuona wanavyompenda.

Philip alichagua kipande kwenye mchuzi, akamnyooshea. Firigisi.

"Wacha mchezo!" Mourine alirudisha mkono nyuma. Kwao mwanamke akila firigisi anarudishwa kwa wazazi wake siku hiyo hiyo. "Hiyo ni ya mwenye nyumba!"

"Ndiyo," Philip alisema. "Shika basi."

Machozi yalikuwa yanamtiririka.

"Sasa unalia nini, Philip?"

"Nimekaa peke yangu sana."

Maskini, huruma ikamjaa Mourine. Tangu aolewe hakuwahi kusikia bwana akimwachia mkewe kipande hicho, na huyu wake alikuwa amemwachia huku analia. Akakipokea, akakitafuna polepole, kisha njaa ikamshinda. Alikula ugali, akala paja, akaramba mchuzi kwenye vidole.

Hapo dirisha likagongwa.

Si hili lao. Ni lile la mbali, la Gitothua, lenye mlio ule ule wa siku zote. Mourine alimshika Philip mkono, akafumba macho, akangoja kuzimika.

Likagongwa tena. Likagongwa kwa nguvu.

Akafumbua jicho moja. Jiko lilikuwa mahali pake. Philip alikuwa mahali pake, mkono wake baridi ndani ya mkono wa Mourine. Nje Wakonyo alipiga ngemi, vigelegele vya kumpokea mgeni, na ploti nzima ikaitikia.

Kule Gitothua, Mama Naliaka alizidi kugonga, sasa akiita kwa sauti. Tangu wamzike kijana wake Philip, kila asubuhi alimwamsha mkaza mwanawe hivyo, na Mourine hakuwahi kukawia kuitika.