Vitufe vya Pampu

"Faili hili linatumiwa na programu nyingine pia. Lifutwe?" kompyuta iliuliza, na fundi wa kompyuta akabofya Ndiyo bila kusoma mara ya pili. Alikuwa anaondoa mchezo wa karata uliompotezea muda mzee mwendesha mitambo wa kituo cha maji.

"Umeniua, dada," mzee akacheka. "Zamu nitaimalizaje?"

"Kwa kufanya kazi, baba."

Mzee akafungua skrini ya pampu inayotia klorini, dawa ya kuua vijidudu, kwenye maji. Alfajiri alikuwa ameongeza dawa kwa sababu mto ulichafuka. Sasa kwa kuwa maji yalikuwa yametulia, ilibidi aipunguze. Kicheko kikamkauka mdomoni.

"Dada, vitufe viko wapi?"

Fundi akainama. Pale penye Punguza na Simamisha palibaki miraba miwili ya kijivu, mitupu kama fizi zilizong'olewa meno. Akabofya. Akabofya tena. Ndipo akaelewa: faili lililochora vitufe vya karata ndilo lililochora na hivi. Mshale wa dawa ulikuwa ungali juu, na pampu ikinguruma.

"Valvu ya mkono!" mzee akapaza sauti, akishuka ngazi mbio.

Simu ya fundi ikaita. Alikuwa mama yake, anayekaa naye kwenye nyumba za wafanyakazi, nyuma tu ya ukuta wa kituo.

"Mwanangu, maji haya leo mmeyatia nini? Yananichoma macho. Na mtoto wako nimeshamnywesha."