Kitu cha Nane

Karafuu ilikuwa imeshasagwa. Stamatia aliifunga kwenye pindo la leso, kiasi cha kujaa ncha ya kisu, akasubiri mama mkwe wake akamilishe kazi.

Mama Kalliroi hakuwa na haraka. Alikuwa amekula chumvi nyingi, macho yamefifia, lakini siku ya Mtakatifu Fanourios hakuna aliyeruhusiwa kugusa vipimo vyake. Kazi ya Stamatia ilikuwa kukamua machungwa na kuwasha tanuri.

"Vitu saba," alisema bibi kizee, kama alivyosema kila mwaka. "Unga, sukari, mafuta ya zeituni, maji ya machungwa, mdalasini, zabibu kavu, magadi. Yai hapana, siagi hapana, maziwa hapana. Saba, au tisa. Ukitia sita au nane, mtakatifu anaziba masikio."

Kijiji kizima kilijua hivyo. Mtu akipoteza kitu, pete, mbuzi au mume, humwokea Fanourios keki ya machungwa, akaigawa kwa majirani, na mtakatifu humfichulia kilipo. Malipo yake ni dua moja tu: kila anayekula amwombee rehema mama wa mtakatifu, ambaye inasemekana alikuwa mwanamke mwenye roho mbaya.

Mama Kalliroi alikuwa amempoteza mwanawe. Ulikuwa mwaka wa tisa sasa tangu Sifis alipotoka nyumbani msimu wa kuvuna zeituni asirudi. Watu walisema alipanda meli ya Australia. Alikuwa akiitaja sana nchi hiyo, hasa akishalewa. Mama yake alioka keki miaka minane mfululizo. Mtakatifu hakusema neno.

Hakusema kwa sababu Stamatia alihakikisha hasemi. Kila mwaka aliongeza kitu cha nane kwa siri. Hakutaka Sifis apatikane, basi. Mkono wake wa kushoto haukunyooka vizuri tangu mwaka wa pili wa ndoa, na mvua ikikaribia ulimkumbusha ni nani aliyeuvunja. Alimpenda mama mkwe wake, alimwonea huruma hadi machozi yakamtoka, na kila mwaka alimwibia dua yake.

Mwaka huu roho ilikuwa mkononi zaidi. Uani, jirani yao Pantelis alikuwa akichimba mtaro wa bomba jipya la maji kando ya ukuta, na kila sururu ilipogonga chini, Stamatia aligeukia dirishani.

"Unamtazama nani, mwanangu? Pantelis ana mke."

"Natazama mchungwa, Mama. Asije akakata mizizi."

"Nimeshamwambia asiusogelee!" Bibi kizee alifoka, jambo ambalo halikuwa kawaida yake, akasukuma bakuli mbele. "Haya, mimina kwenye trei."

Stamatia alimpa mgongo, akafungua leso. Alikoroga mara moja tu, karafuu ikamezwa na unga.

Kasisi aliibariki keki kanisani pamoja na za wengine. Kufikia saa sita mchana vipande vilikuwa vimeshafika nyumba saba, na Pantelis alikuwa ameketi kizingitini na jasho lake, akila cha kwake.

"Mungu amrehemu mama yake Fanourios," alisema huku akitafuna. "Shangazi, leo umetuokea tofali? Imekataa kabisa kuumuka."

"Meno yako ndiyo yamezeeka."

"Lakini tamu! Huo mchungwa wenu sijui mnaunywesha nini." Akajipangusa makombo. "Sasa, msinikasirikie. Pale ukutani nimekutana na mwamba, sururu inaruka tu. Itabidi nipitie penye mchungwa. Udongo wa pale laini, kama uliwahi kuchimbwa."

Stamatia aliinuka kumzuia. Pantelis alikuwa ameshavuka ua.

Kipande cha Stamatia kilikuwa bado mezani. Miaka yote hiyo hakuwahi kuonja hata chembe.

"Keti," alisema Mama Kalliroi.

Alitia mkono kwenye mfuko wa aproni, akaweka mezani tasbihi ya kaharabu. Matundu ya shanga zake yalikuwa yamejaa udongo. Sifis hakuwahi kutoka nyumbani bila tasbihi hiyo.

"Niliiokota wiki ya Pasaka, nikipalilia chini ya mchungwa. Nikachimba kidogo zaidi. Halafu nikafukia. Vyumba vyetu vinapakana, mwanangu. Nilikuwa nasikia kila kitu, nikajifunika shuka gubigubi. Na mimi ni mama mwenye roho mbaya. Yule ameshakwenda. Wewe sikutoi."

"Mama..."

"Usiogope. Unafikiri keki imekataa kuumuka bure? Magadi sikutia. Nimetia vitu sita. Vikiwa sita, hasikii."

Nje, sururu ilikuwa ikiingia kwenye udongo laini. Stamatia alitazama vidole vyake, vilivyokuwa bado vinanukia karafuu, akaanza kuhesabu.

Alipofika saba, sururu ilinyamaza.