Kijiko cha Mama Mkwe

Kijiko kilikuwa kimefika ukingoni mwa glasi pale mkamwana alipoudaka mkono wa mama mkwe wake.

“Niache nikoroge, mwanangu. Juisi yote ya komamanga imetuama chini.”

“Iache ituame, Mama. Ukiikoroga shampeni, mapovu yanakufa, na wageni wako watakunywa maji ya sukari.”

“Jikoni kwangu hakitoki kitu hakijakorogwa. Hata mumeo nilimkoroga.”

“Ndiyo maana mpaka leo hajatulia.”

Sebuleni wageni walicheka, lakini si kwa sababu yao. Katika jiko lile hakuna aliyewahi kumjibu mama huyu, seuze kumshika mkono. Mkamwana alihisi mshipa wa mkono ule ukidunda chini ya bangili, wala hakuuachia.

Hatimaye akauachia, akaiinamisha glasi ile kwa mkono mmoja, na kwa wa pili akaongeza shampeni iteleze ubavuni, pole pole. Wekundu wa komamanga ukainuka wenyewe, ukasimama katikati, na mapovu yakaupenya kama nyuzi hadi juu.

Mama mkwe alitazama mpaka povu la juu likatulia.

Akakiweka kijiko kwenye sinki, akatwaa glasi nyingine, akaiinamisha mwenyewe.

“Haya, mimina.”