Ukili wa Makame

Siku alipojifunza kusuka ukili, ule ukanda wa majani ya mkindu unaoshonwa kuwa mkeka, Makame aligawa viti vyote vya sebuleni. "Wageni wetu watakalia mkeka wa mkono wangu," alimwambia mkewe, Mize.

Leo wageni walikuja kumposa binti yao, Riziki, na mkeka haukuwepo. Ulikuwepo ukili tu, mwembamba kama kiganja, umezunguka meza na kabati ukapita chini ya mlango wa chumba cha Riziki, maana Makame alijua kusuka, kushona hajui. Sufuria ya pilau ilikuwa jikoni, imejaa miyaa, yale majani ya kusukia, na rangi ya zambarau.

"Baba Riziki, watu wako mlangoni!" Mize alinong'ona, machozi yakimlengalenga. "Wakae wapi? Kichwani kwangu?"

"Bado kidogo tu, mke wangu."

Hodi ya tatu. Riziki akajifungia chumbani. Mize akafungua mlango, akawakaribisha ndani.

Mama wa kijana anayeposa akatazama sebule isiyo na kiti wala mkeka. Akavua viatu, akainama, akaupokea ukili kutoka mikononi mwa Makame.

"Umekosea tangu mwanzo, mkwe," alisema taratibu.

Akaanza kuufumua, akazunguka meza, akazunguka kabati, akaufuata hadi kwenye mlango wa Riziki, akabisha. "Hodi, mwanangu."