Sale la Aminiel

Aikande alimkuta kaka yake Aminiel mlangoni, ameshika sale, jani ambalo kwao aliyeletewa hakatai kusamehe.

"Tuyamalize nyumbani, dada. Kesho hakimu asisumbuke kuja kukagua mipaka."

Tangu wamzike baba na kuanza kugombea shamba, Aminiel hakuwahi hata kumsalimia. Aikande alilitazama jani, macho yakateremka hadi kwenye shina, kisha kwenye mizizi yenye udongo mbichi. Anayeomba radhi huchuma jani, hang'oi mche. Na kwenye shamba lile, ambalo mahakama ilikataza lisiguswe, baba alipanda masale mpakani tu, yawe alama.

"Umelitoa wapi?"

"Masale yako kila mahali, Aikande."

Aikande akalipokea kwa mikono miwili, taratibu, udongo usidondoke kabla hakimu hajauona.